Koko, Afa

Ijumaa, 1 Novemba 2024. Sur

Naandika kwa Kiswahili kwa sababu ndugu zangu hawajui kukisoma, na kwa sababu Bibi amesema Kiswahili changu kinachechemea. Jana nilimwambia "kitabu yangu" akanitazama kana kwamba nimemkanyaga.

"Changu," akasema. "Kitabu changu. Kila kitu kina mwenyewe na neno lake."

Bibi yangu, Bi Tamima, alizaliwa Unguja na akaja Oman msichana. Mimi ni Shatha, niko darasa la kumi na moja, na nimezaliwa hapa hapa Sur. Baba anafanya kazi kwenye kiwanda cha gesi cha Qalhat. Mdogo wangu Firas ana miaka saba.

Ustadha Wadha, anayetusomesha Kifaransa, ametupa kazi ya muhula. Kila mtu achague mji mdogo wa pwani ambao watu wake huzungumza Kifaransa, wenye meya na baraza lake, aeleze historia na jiografia yake mbele ya darasa. Balqis alinyanyua mkono kabla Ustadha hajamaliza, akachukua mji wa kusini mwa Ufaransa wenye mashua nyeupe. Mimi sikunyanyua. Nikinyanyua mkono watu wote hugeuka.

Ijumaa, 8 Novemba

Kila Ijumaa baada ya alasiri simu ya Bibi hulia, na sote hunyamaza, hata televisheni. Ni dada yake, Bi Kaltham, anapiga kutoka Mayotte. Wenyewe wanaiita Maore. Bi Kaltham aliolewa na fundi cherehani wa huko aliyekuwa Unguja, akaondoka naye mwaka uliofuata mapinduzi. Alikuwa na miaka kumi na saba, Bibi ana kumi na minne. Hawajaonana tena. Hataki simu ya picha. Anasema, "Tamima, wewe unayo sura yangu ya usichana. Iache hapo hapo."

Anayemshikia simu ni mjukuu wake, rika langu. Kwenye simu jina lake limeandikwa Moinaecha. Nilihangaika nalo wiki nzima nikidhani ni la Kifaransa, mpaka leo nilipolitamka polepole mbele ya Bibi.

"Mwanaesha huyo," Bibi akasema. "Mbona wamemfunga vitambaa usoni?"

Moinaecha humwita nyanya yake "koko", na Bibi pia humwita "koko". Huko kila bibi ni koko. Bibi alipolisikia mara ya kwanza alisema kwao koko ni kokwa la embe, na Bi Kaltham akajibu kutoka nyuma, "Ndiyo sisi hao, Tamima. Nyama imekwisha, limebaki koko." Walicheka mpaka Bibi akashika ubavu.

Nimeamua. Mji wangu ni huo wanaoishi.

Jumamosi, 16 Novemba

Kwenye ramani umeandikwa Bouéni. Kwa Kifaransa "ou" ni "u", kwa hiyo ni Bweni. Nilicheka peke yangu, kwa sababu bweni ninalolijua mimi ni la wanafunzi wanaolala skuli. Huko bweni ni mwanamke wa heshima, kama kusema Bi. Sijui kama jina la mji limetoka hapo, basi sitaandika nisilolijua.

Bweni iko kusini-magharibi ya kisiwa, kwenye rasi iliyoingia baharini kama kidole gumba. Upande mmoja ni ghuba, upande mwingine ni bahari iliyozungushiwa matumbawe, kwa hiyo maji ya karibu ni ya kijani na yametulia. Kuna mikoko. Si mji mmoja hasa, ni vijiji kadhaa vyenye meya mmoja. Juu yake kuna mlima wa Choungui uliochongoka kama pia iliyopinduliwa. Nilimwonyesha Bibi picha.

"Huo ndio mlima anaouona akianika nguo," akasema. Aliishika simu mbali na uso, kisha karibu. "Miaka yote ananiambia mlima, mlima. Mimi nikidhani mlima kama hii yetu, jiwe tupu. Kumbe una majani."

Jumatatu, 18 Novemba

Sikukuu ya Taifa. Bendera mpaka kwenye pikipiki. Firas alimwaga sharubati yote kwenye zulia jipya. Bibi akasema, "Mtoto huyu ni afa. Mungu kamteremsha kama mafuriko." Firas hutembea akijisifu kwamba yeye ni afa.

Ijumaa, 22 Novemba

Leo Moinaecha aliuliza kwenye simu, "Shatha aja?" Nikamjibu, "Naja wapi?" Bibi akanigonga goti. Kumbe anauliza kama nimekuja, kama niko pale chumbani. Huko hawasemi amekuja, wanasema aja. Hawasemi amelala, wanasema alala. Nilimwambia Bibi kwamba wamekula "me" yote. Bi Kaltham alisikia.

"Hatukuila," akasema. "Nyinyi ndio mliozidisha."

Anaongea nusu Kiunguja nusu ya kwao, na Bibi anafahamu yote. Mimi nafahamu kama mtu anayesikiliza kupitia ukutani.

Baba ameahidi kwamba Ramadhani ikipita ataulizia viza, tumpeleke Bibi. Bi Kaltham alipoambiwa alisema, "Basi na aje na viatu vya chini. Njia ya kwangu ina mawe."

Jumatano, 27 Novemba

Upepo wa kaskazini. Mchanga mpaka kwenye meno.

Jumatatu, 2 Disemba

Balqis aliuliza mbele ya wote mji wangu ni upi. Nikasema. Akasema, "Hiyo si Ufaransa, hiyo Afrika." Nikasema ni Ufaransa, mkoa kamili tangu 2011. Akasema, "Ya'ani Shatha, umepewa dunia nzima uchague, umechagua kwa bibi yako." Wasichana wakacheka. Nilitaka kumjibu kwamba ndiyo, hasa kwa bibi yangu. Jibu lilinijia kwenye basi, Balqis ameshashuka.

Ijumaa, 6 Disemba

Historia. Sultani aliyekuwa akitawala kisiwa alikikabidhi kwa Wafaransa mwaka 1841. Visiwa vingine vya Ngazija vilipotaka kujitawala katika miaka ya sabini, watu wengi wa Maore walipiga kura kubaki na Ufaransa. Katika miaka hiyo ndipo kisiwa kilipogawanywa kuwa miji kumi na saba yenye mameya, na Bweni ikawa mmoja.

Nimegundua na jambo la hapa Sur. Zamani manahodha wa Sur walichukua bendera za Ufaransa wakazipandisha kwenye vyombo vyao, mpaka Waingereza wakakasirika na kesi ikafika Ulaya. Nilimwuliza Bibi kama alijua.

"Watu wa Sur wangepandisha hata kanga, madhali hawasimamishwi," akasema.

Kwenye simu leo walibishana kuhusu mkate wa sinia, kama marehemu mama yao alitia iliki au hakutia. Bi Kaltham anasema "mkatre". Hawakuafikiana. Bibi alikata simu akiwa amenuna, akasema, "Huyo daima akitaka awe yeye ndiye aliyekuwa jikoni."

Ijumaa, 13 Disemba

Simu ilikuja mapema. Kulikuwa na kelele za nyundo nyuma.

"Dada, kuna nini huko?"

"Wametangaza upepo. Vijana wanafunga paa. Wameweka mawe juu ya mabati na wamenitia miye ndani kama kuku."

"Nenda kwenye nyumba ya mawe."

"Kwa mwanangu wa kwanza patajaa. Nitakwenda kukicha. Tangu lini upepo ukakuogopesha, Tamima?"

"Hauniogopeshi mimi. Mimi niko Sur."

Bi Kaltham akacheka. Kisha akasema, "Iliki alitia. Nimekumbuka. Kidogo tu, za kuponda. Umeshinda."

Bibi alisema, "Nilikwambia." Akakata. Alifurahi mpaka magharibi.

Jumamosi, 14 Disemba

Kimbunga kimepita juu ya Mayotte asubuhi. Wamekiita Chido. Baba alifungua habari: mabati yanaruka, minazi imekatwa vichwa, vilima vyote vimegeuka rangi ya udongo. Siku moja tu. Hapa Sur hapana hata upepo. Nguo zimening'inia wima kwenye kamba.

Nimepiga simu. Hailii.

Jumapili, 15 Disemba

Hailii.

Jumatatu, 16 Disemba

Nimeandika ujumbe kwa Kifaransa kwa Moinaecha. Kuna tiki moja tu. Wanasema mawasiliano ya kisiwa kizima yamekatika, hata serikali yao haijui idadi. Mama anasoma Yasin. Bibi amekaa kwenye kiti chake karibu na dirisha la barazani, simu mapajani, ameigeuza uso chini.

Nilimwambia kaskazini ndiko kulikopigwa sana, kusini kidogo, na Bweni iko kusini. Niliona vizuri kuwa na jambo la kumwambia. Akaniitikia kwa kichwa.

Jumatano, 18 Disemba

Nimetoka skuli nikakuta simu ya Bibi ina sauti iliyotumwa. Bibi alikuwa anatawadha. Niliifungua bila ruhusa, siwezi kusema uongo humu.

Ilikuwa sauti ya Moinaecha, inakatikakatika kama mtu anayeongea akipanda ngazi. Nyuma kuna watu wengi, na mtu anapiga kitu cha chuma. Alisema, "Koko afa." Akasema tena, "Koko afa." Kisha Kifaransa cha haraka nisichokikamata, kisha ikakatika.

Nilimkimbilia Bibi mlangoni mwa choo, maji yanamdondoka mikononi. Nikamwambia, "Bibi, wapo. Moinaecha ametuma sauti. Anakwita: Koko, afa. Anasema limewapata afa."

Akataka asikie. Nikamwekea. Akasema, "Weka tena." Nikaweka. Alisikiliza na mikono yake ameinyanyua kidogo, isiguse kitu, kwa sababu ya udhu.

"Si ndiyo, Bibi? Anasema ni afa?"

"Ndiyo," akasema. "Afa."

Akaenda kuswali. Nilimpigia Baba kazini, nikampigia shangazi aliyeko Ibra, nikawaambia wote Moinaecha yuko hai na ametutumia sauti. Mama alilia kwa furaha. Kutuma ujumbe kumekataa tena, lakini sasa sina wasiwasi. Mtu aliyepoteza bibi yake angesema hivyo.

Alhamisi, 19 Disemba

Bibi hakutaka chai. Alisema, "Lete hiyo kazi yako ya skuli. Nieleze mji huo. Anza mwanzo."

Nilimweleza. Rasi, ghuba, matumbawe. Aliuliza mambo ambayo Ustadha hatauliza. Mtu akishuka kwenye gari anashukia wapi. Jua linazama upande gani wa nyumba. Msikiti uko mbali na bahari au karibu. Mengine nilijua, mengine nikatafuta kwenye picha za satelaiti zilizopigwa kabla ya kimbunga.

Ijumaa, 20 Disemba

Alasiri imepita, simu haijalia. Nilitegemea Bibi atakaa ameitazama. Badala yake alinituma nimletee sanduku lake, akatoa kanga ya zamani, akaikunja upya, akairudisha. Hakuvukiza udi, na kila Ijumaa huvukiza.

Nilimwambia tujaribu kupiga. "Acha," akasema, "wana kazi nyingi."

Nimemkasirikia. Dada yake amefikwa na janga na yeye anakunja nguo.

Jumapili, 22 Disemba

Leo katika maelezo nilifika kwenye njia ya kwa Bi Kaltham. Kutoka barabara kuu inashuka mpaka ufukweni, na kwenye picha inaonekana nyeupe katikati ya migomba. Bibi akauliza kama ina mawe. Nikasema picha haionyeshi mawe. Akasema, "Ina mawe."

Kisha akauliza, "Na wanazikia wapi?"

Nikasema ramani haikuandika. Akasema, "Tafuta." Nilichukia. Watu wamesalimika na yeye anawaza makaburi. Nilimjibu, "Inshallah kesho," kwa sauti ambayo sikuwahi kumjibia. Angenigombeza ningepata nafuu.

Jumanne, 24 Disemba

Sikutafuta. Nilisema nina mtihani wa hesabu.

Alhamisi, 26 Disemba

Sijui nianzie wapi. Nitaanzia darasani.

Balqis alitangulia. Mashua nyeupe, soko la samaki, picha nzuri. Kisha Ustadha Wadha akaniita. Nilisimama. Nilionyesha ramani, rasi, mlima. Nilisema kwa Kifaransa changu kwamba mji huu siku hizi una huzuni, na kwamba dada wa bibi yangu anaishi hapo. Balqis hakucheka, aliweka kidevu juu ya mikono akasikiliza.

Sehemu ya mwisho ilikuwa lugha. Ustadha alipenda hiyo, alisema tangu mwanzo nisiiache. Nikaeleza kwamba ofisini wanatumia Kifaransa, nyumbani lugha yao inayofanana na Kiswahili cha bibi yangu. Nikaandika ubaoni mifano. Amekuja, wao husema aja. Amelala, wao husema alala.

Ustadha akasema, "Tupe mmoja zaidi, Shatha. Kitenzi kifupi."

Nikatafuta kitenzi kifupi kama kuja. Kula, kunywa, kufa. Nikaandika a. Nikaandika f. Nikaandika a.

Nilibaki na kalamu imegusa ubao. Nilisikia ile sauti tena, na chuma kinachopigwa nyuma, na mara hii hapakuwa na koma. Koma niliitia mimi. Moinaecha hakuwa akimwita Bibi. Alikuwa akituambia habari ya koko wake.

Ustadha aliuliza kama naumwa. Nilifuta neno kwa kiganja changu, nikakaa chini pale pale penye jukwaa. Aliyekuja ni Balqis. Alinibebea mkoba mpaka langoni, hakuuliza chochote, na Baba alipofika akamwambia kwa adabu, "Ammi, kazi yake imekuwa nzuri kuliko zetu sote." Sikujua kama ana sauti hiyo.

Garini nilimwambia Baba. Alisimamisha gari kando ya khor, ule mkono wa bahari, akashika usukani kwa mikono miwili, tukakaa. Kisha akasema, "Na nani atamwambia Bibi?"

Nilisema mimi. Neno nililitia mimi, nilitoe mimi.

Bibi alikuwa kwenye kiti chake. Nilimshika mkono nikaubusu, nikasema shikamoo. Akanitazama usoni muda.

"Umeshajua," akasema.

Nilidhani sikusikia vizuri.

"Bibi, ulijua?"

"Mwanangu, mimi nimezungumza naye Ijumaa zote hizo. Nisijue afa ya kwao?"

"Tangu siku ile? Mlangoni?"

"Tangu mlangoni."

Nilimwuliza kwa nini, na nililia nikimwuliza. Kwa nini aliniacha niwapigie watu simu, nimfurahishe Mama kwa uongo, nimkasirikie yeye. Alinivuta kichwa akakilaza mapajani, palipokuwa pakikaa simu.

"Ulinijia unakimbia," akasema. "Uso wako unang'aa. Umenishikia neno, unaniambia Bibi chukua, hili ni janga tu. Nikasema, acha nilichukue hilo kwanza. La pili nitalichukua baadaye. Halikimbii."

"Ungeniambia mimi."

"Ningekwambia ungeacha kazi yako. Ningekaa hapa, watu wangekuja, wangenipa pole, wangeuliza amefia wapi. Ningewaambia nini? Miaka sitini, Shatha. Mahali pa dada yangu nilikuwa napajua kwa sauti tu. Nilitaka nifike kwanza."

Nikainua uso kumtazama.

"Wewe ulikuwa unanipeleka. Tumeshuka garini, tumepita msikiti, tumeshika njia ya mawe. Imebaki kidogo, ukaniambia una mtihani wa hesabu."

Alisema hivyo bila kunilaumu, na mkono wake ulikuwa kwenye nywele zangu.

Ijumaa, 27 Disemba

Nyumba imejaa wanawake tangu asubuhi. Shangazi amekuja kutoka Ibra. Watu wanatoa mkono wa pole, kahawa inazunguka, na Bibi anawaeleza, mmoja baada ya mmoja, mji wa dada yake. Ni rasi, anasema. Upande huu ghuba, upande huu matumbawe. Mlima una majani mpaka juu. Wengine wanatazamana. Firas amekaa miguuni kwake. Jirani alipomwita afa kwa utani, alijibu kwamba hataki tena jina hilo.

Baada ya alasiri, saa yake ile ile, simu ililia. Wanawake wote walinyamaza kama tulivyozoea kunyamaza sisi. Nilishika mimi. Moinaecha alisema, "Shatha aja?" Nikasema, "Naja. Niko hapa."

Aliniambia, nusu kwa Kifaransa, nusu kwa lugha yao, nami nilifahamu yote. Bi Kaltham alikuwa tayari kwenye nyumba ya mawe. Akarudi jikoni kwake kuchukua sinia ya mkate, alisema haiwezi kuachiwa upepo, ni ya mama yake. Ukuta ukamwangukia. Walimzika siku ile ile kabla jua halijazama, kwa sababu kulikuwa hakuna umeme wala njia ya kumpeleka popote. Sinia wanayo. Imepinda.

Nikamwuliza swali la Bibi. Akanieleza polepole, mimi nikifuata kwa kidole kwenye ile picha ya satelaiti. Ukiishika njia mpaka mwisho, kabla ya ufukwe, kuna uwanja mdogo kushoto. Miti iliyokuwa ikiufunika haipo tena. Sasa ukisimama pale unaona maji.

Nilikwenda kupiga magoti mbele ya Bibi, nikamwonyesha.

"Hapa, Bibi. Kaburi yake iko hapa."

Nilisikia mwenyewe nilichosema. Nikangoja. Bibi alikuwa ameweka kidole chake karibu na changu na hakuwa akinitazama. Sijawahi kumkosea neno akaliacha lipite.

"Kaburi lake," nikasema.

"Lake," akasema Bibi. Akakibakiza kidole pale pale.